Akii-Bua katika njia ya kwanza: uchambuzi wa sekunde 47.82

Tarehe 2 Septemba 1972, mjini Munich, askari polisi wa Uganda aitwaye John Akii-Bua alishinda fainali ya Olimpiki ya mita 400 kuruka viunzi kwa sekunde 47.82. Ilikuwa dhahabu ya kwanza ya Uganda katika Olimpiki, kwa mchezo wowote ule. Alivunja rekodi ya dunia ya Mwingereza David Hemery, 48.12, na hakuna mtu kabla yake aliyewahi kushuka chini ya sekunde 48. Alifanya hayo akiwa katika njia ya kwanza, ile ya ndani kabisa, ambayo mruka viunzi yeyote akipangiwa hukunja uso.

Nchini kwetu Uganda kisa hiki husimuliwa kama muujiza: kijana wa Abako, eneo la Lango kaskazini mwa nchi, aliyechunga ng'ombe, mmoja wa watoto arobaini na kitu wa baba mwenye wake wengi, akatoka na kuushinda ulimwengu. Yote ni kweli, lakini kocha hawezi kufundisha muujiza. Ukiichambua mbio yenyewe kiunzi kwa kiunzi unakuta sababu zinazopimika kwa mita na kwa hesabu ya hatua, na nyingi kati yake zinaweza kufundishwa leo kwenye uwanja wa nyasi wa shule ya Lira au Soroti. Kilichokuja baada ya Munich ni habari nyingine, na kwa sehemu kubwa hakikuamuliwa uwanjani.

Alivyofika pale

Akii-Bua alizaliwa Desemba 1949. Riadha haikuwa ngeni nyumbani kwao, kwani kaka yake Lawrence Ogwang alikwenda Olimpiki ya Melbourne 1956 kushindana katika miruko. Yeye mwenyewe aliacha shule mapema, akajiunga na polisi, na huko ndiko alikoanza kuruka viunzi kwa utaratibu, chini ya Jorem Ochana, afisa wa polisi aliyekuwa mruka viunzi hodari. Hili lisipitwe haraka. Hadi leo vilabu vya polisi, magereza na jeshi ndivyo vinavyobeba riadha ya Uganda, kwa sababu vinampa mwanariadha mshahara, chakula na muda wa mazoezi. Kijana anayelima asubuhi na kuuza chapati jioni hawezi kufanya kazi tunayoieleza hapa chini.

Alianza na mita 110, ambako kiunzi kina urefu wa sentimita 106.7. Malcolm Arnold, Mwingereza aliyekuja Uganda mwaka 1968 kuwa kocha wa taifa, ndiye aliyemhamishia kwenye mita 400, ambako kiunzi ni sentimita 91.4. Tofauti ya sentimita 15 ni kubwa kuliko inavyosikika. Aliyezoea kuinua nyonga juu ya kiunzi kirefu akija kwenye kifupi hana haja ya kuruka. Anapita juu yake kama hatua ndefu kidogo. Vijana wetu wengi hufika mita 400 kwa njia ya kinyume. Wanatoka kwenye mita 400 za kawaida, wana mapafu na miguu, lakini kila kiunzi wanakirukia kama ukuta. Ukipoteza sehemu tatu za kumi za sekunde kwa kila kiunzi, viunzi kumi vimekula sekunde tatu.

Katika Michezo ya Jumuiya ya Madola ya Edinburgh 1970 alimaliza wa nne. Mshindi alikuwa John Sherwood wa Uingereza, na wa pili alikuwa William Koskei, ambaye wakati huo aliiwakilisha Uganda kabla ya kwenda kuvaa jezi ya Kenya. Yaani fainali moja ilikuwa na Waganda wawili ndani ya nne bora. Hicho si kipaji cha bahati nasibu, ni zao la mpango wa mazoezi uliokuwa unafanya kazi. Mwaka uliofuata, katika mashindano ya Afrika dhidi ya Marekani huko Durham, North Carolina, Akii-Bua alikimbia sekunde 49.0 na kushinda. Aliyefuatilia matokeo hayo hakuwa na sababu ya kushangaa sana Munich, ila kwa ukubwa wa rekodi yenyewe.

Ramani ya mbio

Ili kuelewa kilichotokea, shika kwanza vipimo. Kutoka mstari wa kuanzia hadi kiunzi cha kwanza ni mita 45. Kati ya kiunzi na kiunzi ni mita 35. Baada ya cha kumi zinabaki mita 40. Katika uwanja wa kawaida wa siku hizi kila kona ina urefu wa mita 115 na ushei, na kila sehemu iliyonyooka mita 84 na ushei. Ukiviweka viunzi juu ya ramani hiyo, cha kwanza na cha pili viko ndani ya kona, cha tatu kiko pale kona inapoisha. Cha nne na cha tano viko kwenye unyoofu wa nyuma. Cha sita, cha saba na cha nane viko ndani ya kona ya pili. Cha tisa na cha kumi viko kwenye unyoofu wa mwisho.

Kwa hiyo viunzi sita kati ya kumi viko kwenye kona au mlangoni pake. Mita 400 kuruka viunzi ni mbio ya kona. Anayefanya mazoezi yote kwenye unyoofu, kwa kuwa ndiko viunzi vinakopangika kirahisi, anajiandaa kwa mbio nyingine.

Njia ya kwanza ina tatizo la kona kali. Mkimbiaji wa njia ya kwanza anazunguka duara lenye nusu kipenyo cha mita 36.8 hivi, wa njia ya nane anazunguka la mita 45 na ushei. Kwa mwendo wa mita 8.9 kwa sekunde, wa ndani hulazimika kulaza mwili nyuzi 12 kuelekea ndani, wa nje nyuzi 10. Nguvu inayomsukuma nje ya kona inamzidi mwenzake kwa zaidi ya moja ya tano. Sasa mtu huyo aliyelala nyuzi 12 anatakiwa kila baada ya mita 35 kuinuka hewani, ambapo hawezi kukata kona hata akitaka, kisha atue na kuanza kukata kona upya. Ndiyo maana kanuni za leo huwapa waliofanya vizuri kwenye nusu fainali njia za katikati. Munich kura ilipigwa, na Akii-Bua akaangukia ndani.

Kuna jambo moja tu jema kwa aliye ndani: anawaona wote. Kwa sababu ya ngazi za kuanzia, wa njia ya pili anaanza mita 7 mbele yake na wa njia ya nane anaanza mita 53 mbele. Anayejua kujizuia asiwakimbilie mapema ana picha nzima ya mbio. Asiyejua, anawafukuza watu katika mita 100 za kwanza na kufa kwenye kiunzi cha saba.

Mguu upi utangulie

Hapa ndipo penye kiini cha kisa, na tutakaa hapa kwa muda.

Mruka viunzi hutanguliza mguu mmoja juu ya kiunzi na kuufuatisha mwingine. Kwenye kona ya kushoto, mguu wa kushoto ukitangulia, mwili hulala upande wa kona na mkimbiaji anaweza kushikilia ukingo wa ndani wa njia yake. Ukitangulia wa kulia, ule wa kushoto ndio unaofuata, na unapochanua kando unaelekea ndani, nje ya ukingo wa kiunzi. Mguu ukipita kando ya kiunzi chini ya usawa wa ubao wake wa juu, mkimbiaji anaondolewa. Kwa hofu hiyo mwenye kutanguliza kulia hukimbia katikati ya njia au zaidi ya katikati. Hesabu gharama yake: ukikimbia sentimita 30 nje ya mstari unaostahili, kona mbili zinakuongezea karibu mita 1.9, yaani zaidi ya sehemu mbili za kumi za sekunde. Rekodi ya Hemery ilivunjwa kwa sehemu tatu za kumi.

Sasa tuhesabu hatua. Mruka viunzi wa kiwango cha juu huondoka kama mita 2.1 hadi 2.2 kabla ya kiunzi na kutua mita 1.2 hivi baada yake. Kati ya mita 35, mita 3.4 zimekwenda hewani. Zinabaki mita 31.6 za kukimbia. Kwa hatua 13, kila hatua ni mita 2.43. Kwa hatua 14, ni mita 2.26. Kwa hatua 15, ni mita 2.11.

Hatua 13 ni hesabu ya witiri, na hesabu ya witiri hukurudisha kwenye mguu uleule: ukitanguliza kushoto kiunzi hiki, utatanguliza kushoto kinachofuata. Hatua 15 vivyo hivyo. Hatua 14 zinabadilisha mguu kila kiunzi. Mtu mwenye mguu mmoja tu wa kutanguliza hana ruhusa ya kukimbia hatua 14. Akichoka, na kila mtu huchoka, hatua ya mita 2.43 haimfikishi tena kwenye kiunzi, na lazima ashuke moja kwa moja hadi 15. Hapo anakata sentimita 32 kutoka kwenye kila hatua yake, kwa ghafla, katikati ya kona ya pili. Anakuwa amepiga breki.

Hemery, aliposhinda Mexico 1968, alikimbia hatua 13 hadi kiunzi cha sita kisha akashuka hadi 15. Alikuwa bingwa wa kweli na mfumo huo ulimpa rekodi. Lakini ilikuwa Mexico, mita 2,240 juu ya usawa wa bahari, ambako hewa ni nyepesi na mbio fupi huwa za kasi zaidi. Munich iko mita 500 na kitu tu. Sekunde 47.82 za Akii-Bua zilipatikana bila zawadi hiyo ya hewa.

Akii-Bua aliweza kutanguliza mguu wowote. Alianza na hatua 13, na mwili ulipoanza kudai aliteremka hadi 14, ngazi ya sentimita 17 badala ya 32. Mguu wa kuume ulipofikiwa na zamu ndani ya kona, aliutanguliza bila kuyumba. Wapinzani wake walipobana hatua, yeye alizilegeza kidogo tu na kuendelea. Hemery alitoka kwa kasi kubwa siku hiyo na kuongoza nusu ya kwanza. Kona ya pili ndiyo iliyomhukumu. Walipoingia unyoofu wa mwisho Mganda alikuwa mbele, na alizidi kuachana nao hadi mwisho. Ralph Mann wa Marekani alikuwa wa pili kwa 48.51, Hemery wa tatu kwa 48.52. Pengo la mshindi na wa pili lilikuwa sehemu 69 za mia, zaidi ya mita tano. Katika fainali ya Olimpiki ya mbio ya mzunguko mmoja, mita tano ni kitu cha nadra.

Baada ya utepe hakusimama. Aliendelea na mzunguko, bendera ya Uganda mkononi, akiruka viunzi visivyokuwepo. Wengi humtaja kama mtu aliyeanzisha desturi ya mzunguko wa ushindi katika Olimpiki. Kocha anaona jambo lingine katika picha ile: mtu aliyevunja rekodi ya dunia na bado ana miguu ya kuruka.

Miguu ile ilitoka wapi

Arnold hakuwa na uwanja wa tartani, yaani wenye njia za mpira wa kutengenezwa, Kampala. Alikuwa na vilima, nyasi, na mwanafunzi mwenye nidhamu ya kambi. Mazoezi yanayokumbukwa zaidi ni ya fulana iliyoshonewa madini ya risasi yenye uzito wa pauni 25, zaidi kidogo ya kilo 11, ambayo Akii-Bua aliivaa akikimbia masafa marefu kuliko mbio yake na kuruka viunzi vilivyopandishwa hadi kimo cha viunzi vya mbio ya mita 110. Zikaongezwa mbio za kurudiarudia za mita 600 na za kupanda mlima.

Mantiki yake ni rahisi. Mita 600 ni ndefu kwa nusu kuliko mbio yenyewe, kwa hiyo hufundisha mwili kubaki na umbo baada ya uchovu kuingia. Fulana hulazimisha nyonga na vifundo kufanya kazi zaidi wakati wa kuondoka na kutua. Kiunzi kirefu kinafanya cha sentimita 91.4 kionekane kifupi siku ya mashindano.

Lakini tahadhari, maana hapa ndipo makocha wengi wanapoharibu vijana. Wanasikia "fulana ya risasi" na kumvisha mtoto wa miaka 16 gunia la mchanga. Akii-Bua alikuwa mtu mzima wa futi sita na ushei, mwenye kilo kama 77, na alikuwa na miaka kadhaa ya viunzi nyuma yake. Kilo 11 kwake zilikuwa kama asilimia 14 ya mwili. Kwa kijana wa kilo 55 mzigo huohuo ni asilimia 20, na unapotua kutoka juu ya kiunzi kifundo kinapokea mara kadhaa ya uzito wote. Matokeo yake ni maumivu ya mfupa wa ugoko, na baadaye nyufa. Tusemavyo sisi, asivishwe uzito wowote juu ya viunzi kabla ya kutimiza miaka 18, na hata baada ya hapo aanze na kilo 3 kwenye mlima bila viunzi.

Miaka minne ya rekodi

Januari 1973 Akii-Bua alishinda pia Michezo ya Afrika mjini Lagos. Nyumbani alipandishwa cheo polisi, akapewa nyumba, na barabara moja katika mtaa wa Nakasero, Kampala, ikapewa jina lake. Lakini tuseme wazi mazingira yaliyokuwepo. Idi Amin aliipindua serikali ya Milton Obote Januari 1971. Obote alikuwa Mlango, yaani mtu wa kabila la Lango, Akii-Bua naye alikuwa Mlango, na Walango na Waacholi waliuawa kwa wingi katika jeshi na polisi. Bingwa wa Olimpiki alikuwa na faida kwa Amin: angeweza kuonyeshwa kama ushahidi kwamba Mlango anaishi vizuri. Mwanariadha anayelindwa kwa sababu hiyo halali usingizi mzuri, na mruka viunzi asiyelala vizuri huumia. Arnold naye alikuwa amerudi Uingereza. Kuanzia 1974 alikuwa kocha wa taifa wa Wales, na baadaye alimfundisha Colin Jackson aliyevunja rekodi ya dunia ya mita 110 mwaka 1993. Ujuzi uliompata Akii-Bua ulihama nchi, na Uganda haikuwa imeandaa mtu wa kuurithi.

Kisha likaja Montreal 1976. Nchi nyingi za Afrika, Uganda ikiwemo, zilisusia michezo kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imekwenda kucheza Afrika Kusini ya ubaguzi. Bingwa mtetezi alikuwa na miaka 26, umri mzuri kabisa kwa mbio hii. Tarehe 25 Julai Mmarekani Edwin Moses, mwenye miaka 20, aliyeanza kuikimbia mbio hii kwa dhati mwaka huohuo, alishinda na kuishusha rekodi ya Akii-Bua chini kwa karibu sehemu mbili za kumi.

Je, Akii-Bua angemshinda Moses? Tunavyoona sisi, pengine hapana. Moses alikimbia hatua 13 kutoka kiunzi cha kwanza hadi cha kumi, na mtu anayeweza hivyo hahitaji kabisa mguu wa pili. Alifunga mlango ambao Akii-Bua aliufungua. Lakini medali ni jambo jingine. Wa pili Montreal, Mike Shine, alikimbia 48.69, wa tatu, Yevgeny Gavrilenko, 49.45. Gavrilenko huyohuyo alikuwa wa sita Munich. Mtu wa 47.82 aliyekosa mbio hiyo pengine alipoteza medali ya fedha, si nafasi ya kushiriki tu.

Amin alipoanguka Aprili 1979, Akii-Bua alikimbilia Kenya na familia yake, akihofia kuhesabiwa mtu wa utawala uliopita. Aliishia kambi ya wakimbizi. Kampuni ya viatu ya Puma ndiyo iliyomtoa na kumpeleka Ujerumani Magharibi, ambako alifanya kazi na kujaribu kurudi kwenye kiwango. Aliiwakilisha Uganda tena Moscow 1980, akiwa na miaka 30, na akaishia nusu fainali. Safari hiyo Moses ndiye hakuwepo, kwa kuwa Marekani ilisusia. Volker Beck wa Ujerumani Mashariki alishinda kwa 48.70, muda ambao Akii-Bua aliupita kwa karibu sekunde nzima miaka minane kabla. Katika Olimpiki Akii-Bua na Moses hawakukutana kamwe.

Alirudi Uganda, akawa kocha, akafariki Kampala Juni 1997 akiwa na miaka 47. Alizikwa kwa heshima za kitaifa. Uwanja wa Lira una jina lake.

Kwa nini hajatokea mwingine

Afrika iliendelea: Samuel Matete wa Zambia alikimbia 47.10 mjini Zurich 1991. Dunia nayo imefika 45.94, ya Karsten Warholm wa Norway, Tokyo 2021. Rekodi ya Uganda bado ni ile ya Munich. Dhahabu ya pili ya Olimpiki ilisubiri hadi marathoni ya Stephen Kiprotich, London 2012, na kuanzia hapo nyota zetu, Joshua Cheptegei na Peruth Chemutai, wametoka milima ya Sebei kwa mbio ndefu. Hatulalamiki. Ila mbio ndefu inahitaji barabara na viatu. Viunzi vinahitaji vifaa. Mashindano ya njia nane yanataka viunzi 80. Shule isiyo na hata vitano haitamgundua mtu.

Vitano vinatengenezeka. Tumia fito za mkaratusi au mabomba ya plastiki, miguu miwili mirefu kuelekea upande anakotoka mkimbiaji, na nguzo zenye misumari kwenye vimo vinne: sentimita 50, 60, 76 na 91. Ubao wa juu ulazwe tu juu ya misumari upande wa mbele, usifungwe kabisa, ili ukigongwa uanguke kuelekea anakokwenda mkimbiaji. Kosa la kawaida ni kuufunga kwa waya ili usipotee. Kijana atagonga goti mara moja tu, na kesho yake hatarudi mazoezini, au atarudi akiwa anaruka juu kupita kiasi kwa woga, na woga huo hutoka polepole sana.

Mguu dhaifu ufundishwe mapema, wiki za kwanza, si baada ya mguu mmoja kukomaa. Panga viunzi vitano vya sentimita 60 hadi 76 kwa umbali wa mita 10.8 hivi, akimbie hatua 4 kati yake. Hatua 4 ni shufwa, kwa hiyo mguu utabadilika wenyewe kila kiunzi. Siku nyingine panga mita 12.7, hatua 5, mara tatu kwa mguu wa kushoto na mara tano kwa wa kulia kama wa kulia ndio mzito. Akianza kuongeza hatua fupifupi mbele ya kiunzi, umbali ni mkubwa kwake. Punguza nusu mita, usimpigie kelele. Halafu hamishia zoezi hilohilo kwenye kona, njia ya kwanza. Chora mstari kwa chokaa sentimita 30 kutoka ukingo na uangalie anatua wapi.

Kwenye mstari wa kuanzia hesabu iwe ileile. Akitumia hatua 21 hadi kiunzi cha kwanza na anataka kutanguliza kushoto, mguu wa kushoto ukae mbele anapoinama kuanza. Akitumia 22, wa kushoto ukae nyuma. Wengi hubadilisha idadi ya hatua na kusahau kubadilisha miguu, kisha wanashangaa kwa nini kiunzi cha kwanza kinawakuta na mguu usiotakiwa.

Kipimo cha mwisho ni saa, na ya simu inatosha. Bonyeza kila mguu wa kutangulia unapogusa chini baada ya kiunzi. Kwa kijana wa sekunde 52 au 53, muda kati ya viunzi utaanzia sekunde nne na kitu kidogo, na utarefuka taratibu, sehemu moja ya kumi hivi kila mara. Ukiona muda umeruka ghafla kwa sehemu nne za kumi kati ya cha sita na cha saba, si pumzi iliyokwisha. Amebadilisha idadi ya hatua kwa nguvu. Rudi kwenye zoezi la hatua 4 kwa wiki mbili kabla ya kumpima tena, na usiguse ratiba yake ya mita 600 kabla ya hapo.